Kukata au Kuacha: Mjadala Kuhusu Uhariri wa Filamu

Uhariri wa filamu ni kazi ya kuchagua shoti zilizopigwa, kuamua kila moja ianzie wapi na iishie wapi, kisha kuzipanga pamoja na sauti mpaka zisimulie kisa. Ukubwa wa kazi hiyo unaonekana katika Apocalypse Now, filamu ya Francis Ford Coppola kuhusu vita vya Vietnam iliyotoka mwaka 1979. Kwa hesabu ya Walter Murch, mmoja wa wahariri wake, kamera zilirekodi zaidi ya saa 230, na filamu iliyooneshwa haikufika saa mbili na dakika 25. Kwa kila dakika moja iliyobaki, zaidi ya dakika 90 ziliwekwa kando.

Tangu miaka ya 1920 kazi hii imezua moja ya mabishano mazito katika nadharia ya sinema. Upande mmoja unashikilia kwamba kisa huzaliwa pale shoti mbili zinapounganishwa. Upande wa pili unashikilia kwamba kila mkato humpunguzia mtazamaji ukweli wa tukio na uhuru wa kulitazama. Kati yao wamo wahariri wenyewe, ambao hukaa na shoti hizo kwa miezi kadhaa na kuzijua kuliko hata walioziigiza. Hapa chini kila upande unapewa zamu yake: Mtetezi wa mkato, Mtetezi wa mkupuo, yaani wa shoti moja inayoendelea bila kukatwa, na Mhariri.

Chimbuko la mkato

Mtetezi wa mkato: Sinema ilianza bila mkato. Filamu ambazo ndugu Auguste na Louis Lumière walizionesha Paris tarehe 28 Desemba 1895 zilikuwa za shoti moja moja, kila moja ikidumu chini ya dakika moja: wafanyakazi wanatoka kiwandani, mtoto mchanga analishwa. Watu walistaajabu kuona picha zikitembea, lakini mshangao peke yake haujawa kisa. Georges Méliès akagundua kwamba akisimamisha kamera, akabadilisha kilichopo mbele yake kisha akaendelea kupiga picha, mtu anaweza kutoweka machoni pa watu. Edwin S. Porter, katika The Great Train Robbery ya mwaka 1903, aliwatoa watazamaji ofisi ya telegrafu, akawapandisha juu ya treni iendayo, akawapitisha ukumbi wa dansi na kuwafikisha msituni, yote kwa dakika kama 12. Hapo sinema ilipata uwezo ambao jukwaa la tamthilia lilikuwa nao kwa taabu, uwezo wa kuruka kutoka mahali hadi mahali kufumba na kufumbua.

Mtetezi wa mkupuo: Historia hiyo ina funzo jingine. Mwaka huohuo Porter alitoa Life of an American Fireman, kisa cha mama na mtoto waliokwama katika nyumba inayoungua. Katika nakala iliyosajiliwa Maktaba ya Bunge la Marekani, uokoaji unaoneshwa mara mbili. Kwanza unaonekana wote kutoka chumbani: moshi umetanda, mzimamoto anaingia, anamtoa mama, anarudi kumchukua mtoto. Kisha unaonekana wote tena kutoka nje, kwenye ngazi. Kwa miaka mingi nakala nyingine, iliyochanganya ndani na nje kwa mikato ya haraka, ilitajwa kuwa ushahidi wa ugunduzi wa Porter. Utafiti wa baadaye ukabaini kwamba nakala hiyo ilikatwa upya na watu wengine, miaka ikiwa imeshapita. Mwaka 1903 Porter hakuona tatizo kulionesha tukio zima, kisha kulirudia. Mpangilio unaoonekana leo kuwa wa asili ni mazoea yaliyojengwa polepole, na mazoea yanaweza kuhojiwa.

Mtetezi wa mkato: Yahojiwe, lakini yasibezwe. Kusoma nako ni mazoea, na hakuna anayekuona kuwa ni hila. Watazamaji walijifunza upesi kwamba shoti ya mtu anayetazama kando, ikifuatwa na shoti ya nyumba, maana yake ni kwamba anaiangalia nyumba hiyo. Walijifunza kwamba mtu anayetoka kwa mlango wa kulia ataingia chumba cha pili kutokea kushoto. Kanuni hizi ndogo ndizo zilizoruhusu visa virefu kusimuliwa bila mtu kusimama kando ya pazia na kueleza.

Uso mmoja, maana tatu

Mtetezi wa mkato: Ushahidi mashuhuri zaidi ulitoka Moscow, alikofundisha Lev Kuleshov. Alichukua shoti ya uso wa mwigizaji Ivan Mosjoukine, uso uliotulia usioonesha hisia bayana, akaiunganisha na picha tatu kwa zamu: bakuli la supu, mtoto ndani ya jeneza, na mwanamke aliyejilaza kwenye kochi. Uso ulikuwa uleule. Simulizi zinasema watazamaji waliona njaa, huzuni na tamaa, wakamsifu mwigizaji. Maana haikuwa ndani ya shoti yoyote. Waliijenga wenyewe, katika mwanya kati ya picha na picha. Katika jaribio jingine Kuleshov aliunganisha mitaa ya Moscow na picha ya Ikulu ya Marekani, na watu wawili wakaonekana wakielekea kwenye jengo ambalo liko upande wa pili wa dunia.

Mtetezi wa mkupuo: Picha za jaribio la uso hazikuhifadhiwa, na hata waliolifanya walilisimulia kwa namna zinazopishana. Vsevolod Pudovkin, mwanafunzi wa Kuleshov, alitaja supu, maiti ya mwanamke na mtoto wa kike anayecheza na mwanasesere wa dubu. Lakini jaribio likikubaliwa kama lilivyo, bado linatia hofu kuliko linavyotia fahari. Anayeweza kumfanya mtu aone njaa pasipo njaa anaweza pia kumfanya aone hatia pasipo kosa.

Mhariri: Jambo hilo hutokea kila siku mezani. Mwigizaji akinyamaza sekunde mbili kabla ya kujibu swali la mkewe, jibu lake husikika la uongo. Sekunde hizo zikiondolewa, jibu lilelile, kwa sauti ileile, husikika la kweli. Shoti ya mke anayesikiliza ikiwekwa juu ya jibu hilo, kisa kinahama: sasa si habari ya anachosema mume, ni habari ya mke anayetambua jambo. Uigizaji unaosifiwa kwenye tuzo huwa umepita mikononi mwa mtu wa pili ambaye jina lake husomwa na wachache.

Ngazi za Odessa

Mtetezi wa mkato: Sergei Eisenstein, mzaliwa wa Riga, alikwenda mbele zaidi. Pudovkin aliamini shoti huungana hatua kwa hatua kuujenga mtiririko. Eisenstein aliamini shoti hugongana, na kutokana na mgongano huo wazo jipya huzuka. Onyesho la ngazi katika filamu yake Battleship Potemkin, ya mwaka 1925, ndilo darasa lake. Askari wa Tsar, mfalme wa Urusi, wanateremka kwa safu iliyonyooka, buti zikigusa ngazi kwa pamoja. Raia wanakimbia ovyo, kila mmoja upande wake. Mama mmoja, akiwa amembeba mwanawe aliyekanyagwa, anapanda peke yake kuwaelekea askari, kinyume na mkondo wa wote. Mama mwingine anapigwa risasi, na anapoanguka mwili wake unakisukuma kigari cha mtoto. Kigari kinateremka. Mkato unakwenda kwa kijana mwenye miwani anayepiga kelele, unarudi kwenye magurudumu, unakwenda kwa mwanamke mzee ambaye jicho lake linavuja damu. Ngazi hizo huteremkwa kwa muda mfupi tu, lakini katika filamu hazina mwisho. Muda umerefushwa kwa kipimo cha hofu, na hakuna shoti moja inayoendelea ambayo ingeweza kufanya hivyo.

Mtetezi wa mkupuo: Ubora wa onyesho hilo ndio unaolifanya liwe hatari. Mwaka 1905 Odessa ilikumbwa na machafuko na watu wengi waliuawa, lakini mauaji ya kwenye ngazi, kama yalivyooneshwa, ni ubunifu wa Eisenstein. Nguvu ya mikato imewafanya watu wengi wayakumbuke kama historia. Dakika chache baadaye, meli ya kivita Potemkin inapofyatua mizinga, simba wa mawe aliyelala anaamka, kisha anasimama. Ni shoti tatu za sanamu tatu tofauti zilizoko katika kasri la Alupka, Crimea, mbali na Odessa. Mawe yamepewa hasira, na hasira hiyo inahamia kwa mtazamaji kabla hajapata nafasi ya kujiuliza imetoka wapi.

Mtetezi wa mkato: Mtazamaji anajua kwamba mawe hayasimami. Anakubali kwa hiari yake, kama msikilizaji wa hadithi anavyokubali kwamba sungura anaongea.

Nguvu ikitumiwa vibaya

Mtetezi wa mkupuo: Hiari hiyo hupungua mdundo unapopanda. Mfano wake ni The Birth of a Nation ya D. W. Griffith, ya mwaka 1915. Katika sehemu ya mwisho, watu weupe wamezingirwa kibandani na askari weusi, huku wapanda farasi wa Ku Klux Klan, kundi la weupe wabaguzi, wakija mbio. Mkato kibandani, mkato barabarani, mlango unakaribia kuvunjwa, kwato zinatifua vumbi, na shoti zinapishana kwa kasi. Mpangilio huo umetengenezwa ili mtazamaji atamani farasi wawahi. Bila kuulizwa maoni yake, anajikuta akiwatakia ushindi wauaji. Chama cha kutetea haki za watu weusi, NAACP, kilipiga kampeni dhidi ya filamu hiyo. Mwaka huohuo Ku Klux Klan ilifufuliwa, na kwa miaka iliyofuata filamu ilitumika kuvutia wanachama wapya. Hapo mkato ulipita akili ukaenda moja kwa moja kwenye mapigo ya moyo.

Mtetezi wa mkato: Lawama hiyo ni ya haki, na inamwangukia aliyechagua kisa kile na kukipamba. Mbinu yenyewe imefanya kazi nyingine. Mwaka 1927 Esfir Shub alichukua picha za zamani za kumbukumbu, zikiwemo zilizopigwa kuutukuza utawala wa Tsar, akazipanga upya katika filamu iliyoonesha anguko la ukoo wa Romanov. Sherehe za kifahari zikakaa kando ya jasho la wafanyakazi. Hoja hiyo ilijengwa na mpangilio.

Mtetezi wa mkupuo: Mfano huo unaipa nguvu hoja ya upande huu. Picha zilizopigwa kumsifu mtawala zimefanywa zimshtaki. Safari ile lengo lilikuwa jema machoni pa wengi. Safari nyingine halitakuwa jema, na mtazamaji hatakuwa na namna ya kutofautisha.

Katazo la Bazin

Mtetezi wa mkupuo: Aliyelipa wazo la kutokata msingi imara ni André Bazin, mhakiki Mfaransa aliyeishi kati ya mwaka 1918 na 1958, mmoja wa waanzilishi wa jarida la Cahiers du cinéma. Alisema kwamba kama kiini cha tukio ni kuwapo pamoja kwa vitu viwili au zaidi, basi kulikata tukio hilo ni marufuku. Mwindaji na mnyama anayewindwa lazima waonekane ndani ya fremu moja walau mara moja, la sivyo hatari inakuwa ya kusimuliwa tu. Alisifu onyesho la Nanook of the North, filamu ya Robert Flaherty ya mwaka 1922, ambapo mwindaji wa Kiinuiti anasubiri kando ya tundu kwenye barafu ili amchome sili. Kusubiri ndiko kisa chenyewe. Kukikatwa, kisa kimekufa.

Bazin alisifu pia kina cha picha katika Citizen Kane ya Orson Welles, ya mwaka 1941, iliyopigwa na Gregg Toland. Mama anatia saini karatasi za kumkabidhi mwanawe kwa mtu wa benki. Mama yuko mbele mezani, baba amesimama nyuma akilalamika, na mbali zaidi, kupitia dirishani, mtoto Charles anacheza kwenye theluji bila kujua kwamba maisha yake yanauzwa. Vyote vinaonekana kwa uwazi uleule. Hakuna mkato unaomwamrisha mtazamaji atazame mkono wa mama au uso wa mtoto. Anachagua mwenyewe, na uchungu anaoupata ni wake.

Mtetezi wa mkato: Mfano wa sili umekosewa. Imefahamika tangu zamani kwamba sili aliyevutwa kutoka kwenye tundu lile alikuwa amekwisha kufa, na mvutano ule wa kamba uliigizwa. Shoti haikukatwa, na bado ilidanganya. Kamera isiyokatwa ina mipaka ya fremu, ina mahali iliposimamishwa, na ina saa iliyowashwa na kuzimwa. Kila kimoja kati ya hivyo kinaficha jambo.

Mtetezi wa mkupuo: Udanganyifu huo ulifanyika mbele ya kamera na unabaki kuwa dosari. Hauondoi hoja ya pili ya Bazin, kwamba mtazamaji aliyepewa muda na nafasi anafikiri zaidi kuliko aliyeburutwa.

Mhariri: Citizen Kane yenyewe inatoa jibu ambalo pande zote mbili huliruka. Filamu hiyohiyo, iliyohaririwa na Robert Wise, ina onyesho la kifungua kinywa. Kane na mkewe wa kwanza wanaonekana mezani mara kadhaa, kila mara miaka imesogea. Mara ya kwanza wamekaribiana na wanaongea kimahaba. Baadaye anamlalamikia kwa kushinda ofisini. Baadaye wanajibizana kuhusu siasa za gazeti lake. Mara ya mwisho wako ncha mbili za meza, kimya, na mke anasoma gazeti la washindani wa mumewe. Ndoa imekufa kwa muda wa dakika mbili hivi. Mkupuo ulifaa siku ya kutia saini, kwa sababu watu watatu walipoteana ndani ya dakika moja. Mkato ulifaa kwa ndoa, kwa sababu mapenzi yale yalichukua miaka kufa. Aliyejua tofauti hiyo ndiye aliyekuwa akihariri.

Mezani kwa mhariri

Mhariri: Wanadharia huuliza mkato ni nini. Mezani swali ni dogo zaidi: shoti hii iishe sasa, au baada ya nusu sekunde? Murch aliweka vigezo sita na kuvipa uzito. Hisia ilipata asilimia 51, maendeleo ya kisa 23, mdundo 10, mahali macho ya mtazamaji yalipo 7, mpangilio wa picha kwenye ubapa wa skrini 5, na usahihi wa nafasi halisi ya watu na vitu 4. Funzo la orodha hiyo ni kwamba hisia peke yake inazidi vigezo vingine vyote vikijumlishwa. Mwigizaji akiwa ameshika kikombe kwa mkono wa kulia katika shoti moja na kwa mkono wa kushoto katika shoti inayofuata, watazamaji wachache watagundua, ikiwa wamezama katika anachohisi. Hisia ikikatika, hata kikombe kikae mahali pake sawasawa, watu wataanza kuangalia saa.

Sauti hufanya nusu ya kazi. Mhariri mzoefu huanza kusikilizisha sauti ya onyesho linalofuata wakati picha ya onyesho lililopo bado iko machoni. Mlio wa treni unasikika mtu akiwa bado kitandani, na picha ya kituo inapofika, sikio limeshatangulia. Mkato wa namna hiyo hupita bila kuonekana. Upo pia mkato unaotaka kuonekana. Katika À bout de souffle ya mwaka 1960, Jean-Luc Godard na mhariri wake Cécile Decugis walikata katikati ya shoti ileile, na watu wakaonekana wakiruka kutoka mkao mmoja hadi mwingine ndani ya gari. Kanuni ya zamani iliuita mkato huo kosa. Vijana wa wakati ule waliona ndani yake mwendo wa maisha yao.

Uamuzi mwingine huja kwa jicho lililo tayari kupokea kisichotarajiwa. Katika Lawrence of Arabia ya mwaka 1962, Lawrence anapuliza kijiti cha kiberiti, na papo hapo jua linachomoza jangwani. Skripti ilitaka picha moja ififie polepole ndani ya nyingine. Anne V. Coates na mwongozaji David Lean walipoitazama nakala ya kazi, shoti zikiwa zimeunganishwa tu bila ufifishaji, waliona mkato mkavu una nguvu zaidi. Coates alipata Oscar kwa filamu hiyo.

Inafaa pia ijulikane kwamba kazi hii ilishikwa na wanawake wengi tangu mwanzo, kwa kuwa wakuu wa studio waliiona kama kazi ya kushona, isiyostahili sifa. Elizaveta Svilova aliihariri Man with a Movie Camera, filamu ya mumewe Dziga Vertov ya mwaka 1929, na anaonekana ndani yake, mkasi mkononi, akichagua vipande vya nyuso za watoto vinavyosimama kisha kupata uhai. Thelma Schoonmaker amepata Oscar tatu kwa filamu za mwongozaji Martin Scorsese alizozihariri. Mitambo imebadilika, kutoka Moviola ya mwaka 1924 hadi kompyuta, na mwaka 1997 Murch alipokea Oscar kwa The English Patient, filamu iliyohaririwa kwa mfumo wa kompyuta. Swali la nusu sekunde halijabadilika.

Mtazamaji wa Afrika na dharau ya wakoloni

Mtetezi wa mkato: Afrika Mashariki ina sababu yake ya kuuchukulia mjadala huu kwa uzito. Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Meja L. A. Notcutt na G. C. Latham waliendesha mradi wa kutengeneza filamu za elimu kwa Waafrika, zikazungushwa vijijini. Baadaye William Sellers, aliyekiongoza kitengo cha filamu cha makoloni ya Uingereza kilichoundwa mwaka 1939, alieneza kanuni kwamba Mwafrika wa kijijini anahitaji filamu za mwendo wa pole, shoti ndefu na mikato michache, kwa kuwa mikato ya haraka itamchanganya. Mkupuo ulifanywa kipimo cha akili ya watu. Wakati huohuo wakazi wa Zanzibar, Mombasa na Dar es Salaam walikuwa wakijaza majumba ya sinema na kufuata bila shida filamu za Kihindi na za Marekani zenye mikato tele.

Mtetezi wa mkupuo: Kanuni ile ilikuwa dharau, na upande huu unaikana. Bazin alitaka mkupuo kwa sababu alimheshimu mtazamaji. Sellers aliutaka kwa sababu alimdharau. Urefu uleule wa shoti unaweza kubeba heshima au kejeli.

Mtetezi wa mkato: Jibu zuri zaidi lilitoka kwa Waafrika wenyewe. Djibril Diop Mambéty wa Senegal, katika Touki Bouki ya mwaka 1973, anaanza na ng'ombe wanaopelekwa machinjioni. Mwishoni Mory, mhusika mkuu, amefika bandarini Dakar, tayari kupanda meli kwenda Ufaransa, na picha za ng'ombe anayeburutwa zinarudi. Hakuna msimulizi anayesema kwamba kuhama kunaweza kuwa machinjio. Mkato umesema, na Mory anageuka na kukimbia.

Mhariri: Kuna somo la karibu zaidi. Kwa miaka mingi filamu nyingi za Bongo ziliuzwa kwa sehemu mbili, kila sehemu katika diski yake, kwa kuwa sehemu mbili zilileta mauzo mawili. Matokeo yalionekana kwenye uhariri. Gari linafika getini, linapiga honi, mlinzi anafungua, gari linaingia, linaegeshwa, sterling anashuka, anafunga mlango, anatembea hadi barazani, na hakuna jambo jipya ambalo mtazamaji amelipata. Shoti hizo ni ndefu, lakini Bazin asingezisifu. Hazikumpa mtazamaji nafasi ya kufikiri; zilimjazia muda. Biashara ndiyo iliyoamua mkato uwe wapi, na kisa kikalipa gharama.

Filamu isiyo na mkato

Mtetezi wa mkupuo: Ndoto ya mkupuo imetimizwa. Tarehe 23 Desemba 2001, Aleksandr Sokurov alirekodi Russian Ark ndani ya jumba la Hermitage, St Petersburg, kwa shoti moja inayopita dakika 85, kamera ikitembea ukumbi hadi ukumbi katikati ya mamia ya waigizaji. Karne kadhaa za historia ya Urusi zinapita bila kiungo hata kimoja. Mwongozaji Alfred Hitchcock aliitamani hali hiyo mwaka 1948 katika Rope, lakini mkanda wa wakati ule ulikwisha kila baada ya dakika kumi hivi, ikabidi avifiche baadhi ya viungo nyuma ya migongo ya watu.

Mhariri: Sokurov hakukwepa uhariri, aliufanya kabla ya kamera kuwashwa. Kamera ikimsogelea mtu, huo ni mkato kwenda usoni. Ikiingia ukumbi mwingine, huo ni mkato kwenda karne nyingine. Kila uamuzi ambao wengine huufanya mezani ulifanywa kwa miguu, na haukuweza kusahihishwa kwa mkato. Ndiyo maana mbinu hiyo huhitaji mazoezi marefu, na ndiyo maana wengi hawaithubutu.

Mtetezi wa mkato: Basi inakubalika kwamba filamu isiyohaririwa haipo.

Mtetezi wa mkupuo: Inakubalika, kwa sharti kwamba kuacha kukata kuhesabiwe kuwa uhariri, na kuheshimiwe kama kukata.

Hukumu

Mjadala huu unamalizika kwa kuzipunguzia pande zote mbili madai yao ya juu kabisa. Mtetezi wa mkato amethibitisha kwamba maana nyingi za filamu huzaliwa kati ya shoti na shoti, na kwamba bila uwezo huo sinema isingepita ngazi ya kurekodi matukio. Hakuthibitisha kwamba mkato mwingi ni bora kuliko mchache. Mtetezi wa mkupuo amethibitisha kwamba nguvu hiyo inaweza kumpora mtazamaji hukumu yake, kama Griffith alivyofanya, na kwamba yapo matukio yanayokufa yakikatwa. Hakuthibitisha kwamba kutokata kunaleta ukweli. Sili wa Flaherty ameliweka hilo wazi. Kinachobaki ni kwamba kukata na kuacha ni uamuzi wa aina moja, na uamuzi huo hupimwa kwa maswali matatu. Je, mtazamaji amepewa anachohitaji kujua kwa wakati wake? Je, hisia anayoipata inatokana na kisa, au imetiwa kwa nguvu ili kufunika udhaifu wa kisa? Je, vitu vilivyounganishwa vina haki ya kukaa pamoja?

Swali la tatu lina uzito wa pekee katika filamu za kumbukumbu, habari na kampeni za siasa. Mbunifu wa hadithi ana ruhusa ya kuunganisha Moscow na Washington. Mtengenezaji wa habari hana ruhusa ya kuunganisha swali la jana na jibu la leo. Mbinu inaweza kuwa ileile, lakini mtazamaji wa habari hajakubali kusimuliwa hadithi, na kumfanyia hivyo ni kumdhulumu.

Kwa wanaotengeneza filamu kwa Kiswahili, hukumu hii ina matakwa ya moja kwa moja. Mhariri aitwe kabla kamera hazijawashwa, asome skripti, aseme ni shoti gani zitahitajika na ni zipi zitakuwa mzigo. Apewe muda wa kutosha na malipo yanayolingana na kazi yake, kwa kuwa ndiye anayeandika filamu kwa mara ya mwisho. Nao watazamaji waitazame filamu waipendayo mara ya pili, safari hii wakiangalia kila picha inapobadilika, na waulize kwa nini imebadilika pale. Watazamaji wakizoea kuuliza hivyo, mhariri hatathubutu kukata bila sababu.